Babu Yupi?

Kila asubuhi kabla ya shule, msichana mmoja wa darasa la sita alimpelekea bibi yake maji ya moto katika chumba cha uani, kisha akafagia vumbi la mawe kibarazani. Walimwita Kalamu, kwa sababu kila alichosikia alikiandika.

Vumbi lilitokana na kazi ya baba yake, mchonga mawe. Mwezi ule alikuwa anachonga jiwe la kusimamishwa kando ya kisima cha shule, lenye majina ya watu watano walioanzisha mji. Jina la kwanza lilikuwa la babu wa bibi huyo, ambaye nyumbani wote walimwita babu tu.

"Bibi, babu alifikaje hapa?" Kalamu aliuliza.

"Kwa miguu, mjukuu wangu, sururu begani. Babu alichimba kile kisima siku arobaini mpaka akaona maji."

Kalamu akaandika. Bibi alikuwa dada wa marehemu babu yake mzaa baba, na hakuna mtu mwingine nyumbani aliyeyajua ya zamani.

Shuleni, mwalimu aliuliza nani ana habari za ukoo wake. Kabla Kalamu hajanyoosha mkono, alisimama Kijiti, msichana mwembamba aliyekaa dawati la nyuma.

"Babu wa babu yangu ndiye aliyechimba kisima hiki."

Darasa likaangua kicheko. Baba yake Kijiti alisukuma mkokoteni sokoni, na familia yake ilihamia kutoka bondeni mwaka juzi tu.

"Labda alichimba viazi!" mmoja alipiga kelele.

"Nyinyi ni wa kuja," Kalamu akasema kwa sauti. "Kisima mmekikuta, hata ndoo mliazima."

"Sitaki maneno matupu," mwalimu alisema. "Ofisi ya mtaa ina daftari la zamani la viwanja. Atakayeleta ushahidi Ijumaa ndiye atakayelifunua jiwe mbele ya watu."

Mchana ule wote wawili walikwenda. Mtunza nyaraka alimtazama Kijiti kutoka kichwani hadi miguuni.

"Kwenu mna kiwanja?"

"Hatuna. Tumepanga."

"Basi unatafuta nini humu? Toka, mwanangu, usinijazie ofisi."

Kalamu aliruhusiwa. Daftari lilinuka panya. Kwenye kiwanja namba tatu, pale pale walipokuwa wanaishi, kulikuwa na jina asilolijua, limekatwa kwa mstari mmoja wa wino. Chini yake ndipo lilipoandikwa jina la babu yao. Majina ya baba zao yalifanana: walikuwa ndugu wawili.

Alirudi nyumbani mbio, akamsomea bibi jina lililokatwa.

"Huyu ni nani?"

"Babu," bibi alijibu.

"Na huyu wa chini?"

"Naye ni babu."

"Bibi, babu yupi alichimba kisima?"

Bibi alijifunika khanga miguuni, ingawa hapakuwa na baridi.

"Mkubwa," alisema hatimaye. "Udongo ulimwangukia humo humo kisimani. Mdogo wake, ambaye ndiye babu yetu sisi, akamwambia mjane achukue wanawe aende kwao bondeni. Yeye akabaki na kiwanja. Mama yangu alinisimulia, akaniambia nifunge mdomo. Nikafunga. Tukawa tunasema babu, babu. Si uongo, mjukuu wangu. Wote ni babu."

Ijumaa Kalamu alisimama mbele ya darasa akasoma: "Jina la babu yetu limo kwenye daftari, kiwanja namba tatu." Hakuongeza neno. Mwalimu alimsifu, darasa likapiga makofi. Kijiti aliulizwa ana nini, akasema hana kitu. Jumatatu hakuja shule. Jumanne pia hakuja.

Jumanne jioni Kalamu alitoka kibarazani, kwenye mawe. Akamwambia baba yake yote, pamoja na lile alilolinyamazia darasani.

Baba alitupa patasi chini. "Jiwe nimeshalimaliza! Unataka niende nikawaambie watu kwamba sisi ni wezi?"

"Kijiti ameacha shule, baba."

Baba akaokota patasi, akaingia ndani. Asubuhi alikwenda ofisini, akaliona daftari kwa macho yake. Aliporudi, alilibomoa jina la kwanza kwa nyundo, herufi baada ya herufi. Jiwe likabaki na shimo. Ndani ya shimo hilo akachonga jina la babu mkubwa.

Kisha akamchukua Kalamu hadi sokoni. Mwenye mkokoteni, baba yake Kijiti, alikuwa anapakia magunia.

"Msalimie baba yako mkubwa," baba alisema.

"Shikamoo, baba mkubwa," Kalamu alisema, macho chini. Huyu ndiye mtu ambaye Kalamu na wenzake walikuwa wakimzomea kila siku njiani.

Yule mtu akainua gunia jingine. Baba akaeleza kila kitu, akimaliza na habari ya jiwe.

"Jina nimelipokea," mwenye mkokoteni alisema. "Na kiwanja?"

Baba aliinama akashika upande wa gunia. "Nusu ni yenu. Tutapima Jumamosi."

"Nitakuja na kamba yangu. Yako siiamini."

Wakapima. Kamba ilipita katikati ya jiko, na mama yake Kalamu akahamisha vyombo upande mmoja. Wiki iliyofuata Kijiti alirudi shule. Kalamu alisimama mbele ya darasa akakiri alichokificha, na Kijiti ndiye aliyelifunua jiwe. Watu walipiga makofi. Kalamu alimsogelea.

"Ndugu yangu, nisamehe."

"Usiniite ndugu," Kijiti alisema. "Bado." Akaenda kusimama na baba yake.

Kalamu alilia njia nzima. Baba yake hakumbembeleza.

"Ana haki," alisema. "Wewe ulificha siku nne, sisi tulificha miaka yote ya mji huu, na wenzetu ndio walioumia. Kila neno ulilosoma darasani lilikuwa kweli, lakini ulilisoma ili watu waamini uongo. Huo ni uongo, mwanangu, tena ni mbaya kuliko ule wa wazi, kwa sababu unapigiwa makofi. Ukiuliza habari za ukoo wako, uliza zote. Na ukikuta tumemdhulumu mtu, sema siku hiyo hiyo. Sasa futa machozi. Yeye amelia zaidi yako, na hakuna aliyemwona."