Kombe la Herufi za Duara

Wino wa kitabu cha chapa hautoki kwa maji, kila mtu anajua. Ule ulitoka. Shamsia aliuona ukijikunjua ndani ya bakuli kama moshi, karatasi ikabaki nyeupe pe.

Mwanawe, Firdausi, alikuwa na miaka mitatu na hajatamka neno. Baba yake alikwenda machimboni, simu hapokei. Chumba chao cha Mlandizi kilikuwa kimya hata Shamsia akazoea kujiuliza na kujijibu. Makombe ya mwalimu wa madrasa, aya zilizoandikwa kwa zafarani zikaoshwa, mtoto alikunywa bila nafuu. Ndipo kwa Sista Stellamaris, mtawa wa Kihindi ambaye Shamsia humfulia nguo pale Kibaha, alipochana ukurasa wa kitabu kikuukuu chenye herufi za duara duara. Maandishi mazito namna hii, aliwaza, hayakosi baraka.

Firdausi alikunywa. Jua lilipofika utosini, akaanza kusema.

Sauti ilikuwa ya mzee. Chumba kilinuka wino na majani mabichi, na maneno yakamtoka mtoto mfululizo, mageni, ya mduara kama zile herufi, bila kupumzika, bila kumeza mate, hadi Shamsia akamfunika kanga, akambeba mbio kwa Sista.

"Umempa nini?" Sista alinong'ona.

"Kombe, Sista. Ukurasa wa kile kitabu chako. Nisamehe."

"Kile ni sarufi, Shamsia! Wazungu walikichapa Ulaya, zamani, wajifunze Kimalayalam, lugha ya kwetu. Si sala!"

"Anasemaje?"

Sista alifanya ishara ya msalaba. "Huyu mzee anayesema ndani yake anadai ndiye aliyemfundisha Mzungu wa kitabu kile kila neno. Maneno yakachapwa, yeye akasahauliwa. Tangu hapo hajapata wa kumjibu."

Shamsia akampeleka mtoto kwa Bibi Mwanajuma, mganga wa Mzenga. Bibi alifukiza ubani, akacheka kidogo. "Jini hili halina ubishi, mjukuu wangu. Lina upweke tu. Wewe mama mtu liambie 'toka', litatoka."

"Na mwanangu atasema?"

"Atarudi alivyokuwa."

"Kimya?"

"Kimya, lakini wako. Likikaa, litammeza taratibu. Haya, sema."

Shamsia alifungua kinywa. Macho ya mtoto, makavu, ya kizee, yalimtazama, yakangoja.

Akamfunga mgongoni, akatoka.

"We mwanamke! Hujasema!"

Njiani sauti ilianza tena kisogoni pake, taratibu, kama mtu anayesimulia habari za siku nzima.

"Enhe," Shamsia akaitika. "Ikawaje?"