Kimya cha Nusu Dakika

Simu ilitetemeka mara moja. Nukta akaipokea kabla haijatetemeka tena.

"Harusi imewahishwa," Mkuu alisema.

"Lini?"

"Leo. Saa tisa alasiri."

"Bibi harusi yuko gari gani?"

"Hilo ndilo tunalokuuliza wewe."

Ikakatika.

Saa saba na dakika kumi. Maneno yale yalikuwa na maana fupi na mbaya: sindano bandia elfu arobaini za watoto, zilizojazwa maji ya chumvi, zingetoka ghalani leo. Ghala lilikuwa na malori sitini. Ukisimamisha lisilo lenyewe, wenyewe wanashtuka, mzigo unayeyuka, na mwezi ujao kuna mama anazika.

Nukta alikuwa jasusi kwa miaka kumi na tisa. Kuta za nyaya za umeme alishaziruka, na watu waliokwisha kumchimbia kaburi alishacheka nao. Leo alikuwa amekaa kwenye kiti cha dada yake, asijue aanzie wapi.

Siku ya nne tangu wamzike.

Watu walimwita Mama Kamera. Miaka ishirini na sita alitengeneza filamu za watu wa kweli: wakunga, wavunja kokoto, mafundi wa reli waliostaafu wakasahauliwa. Angeweza kukaa na mtu wiki mbili bila kuwasha kamera, mpaka wazoeane. Hakuwahi kumdanganya hata mmoja. Mpaka Nukta, mdogo wake, alipomjia na maneno matamu.

"Siku tatu tu, dada. Waambie unatengeneza filamu ya wapakiaji mizigo. Mimi nataka macho yako tu."

"Na huo si uongo?"

"Ni kwa ajili ya watoto."

Akanuna. Akaenda. Siku ya tatu gari likamgonga nje ya ghala, wala halikusimama.

Nani alimpeleka pale? Ndugu yake wa tumbo moja. Haya, mtafute mwingine wa kumlaumu.

Wauaji walishapita kwenye chumba hiki cha kazi. Walibeba kamera na kadi zake. Kwenye kompyuta walifuta mahojiano yote, moja moja, bila haraka. Walibakiza folda moja tu, iliyoandikwa KIMYA. Bila shaka waliifungua wakasikiliza mbili tatu, wakacheka. Nani anahangaika na kimya?

Nukta naye aliwahi kucheka. "Dada, unarekodi hewa?"

"Kila chumba kina kimya chake, mjinga wewe. Nikikata maneno ya mtu panabaki shimo. Naliziba na nini? Na kiraka cha kimya cha chumba hicho hicho."

Ndivyo alivyofanya kazi. Mahojiano yakiisha, ananyanyua kidole, anawaomba wote wanyamaze nusu dakika, huku kinasa sauti kikiendelea na kutuma kila kitu nyumbani kwa mtandao.

Nukta akavaa hedifoni za Sony.

Kimya cha kwanza: feni. Cha pili: kunguru juu ya bati. Cha tisa: bomba linalovuja. Saa nane ikapita. Jasho likamtoka.

Cha kumi na nne.

"Asante, bwana stoo," sauti ya dada yake ilisema. "Sasa tunyamaze nusu dakika."

Kiti kililia. Halafu, nyuma ya ukuta wa mbao, akaongea mtu ambaye hakuombwa kunyamaza.

"Siku ikifika, masanduku yaingie lori la maji ya chupa, lenye turubai la kijani. Geti la nyuma. Na huyu mwanamke wa kamera ananichosha! Akitoka leo, mgongeni."

Nukta akaganda.

Dada yake alikuwa amevaa hedifoni. Alisikia kila neno. Hata kukohoa hakukohoa. Aliiacha nusu dakika yake iishe, kisha akasema kwa upole ule ule, "Asante. Tumemaliza."

Jioni ile, kabla hajatoka ghalani, alimpigia Nukta simu mara tatu. Nukta alikuwa mkutanoni. Aliikata, mara zote tatu.

"Nisamehe, dada. Jamani, nisamehe."

Alilia kwa sauti, paji la uso kwenye meza. Kisha akafuta kamasi kwa mkono wa shati, akashika redio.

"Nukta kwa Kituo. Lori la maji. Turubai la kijani. Geti la nyuma."

"Una uhakika?"

"Nimeambiwa na dada yangu."

Redio ilikwaruza. "Nenda."

BMW ya magurudumu mawili ilinguruma. Saa tisa kasoro dakika tatu, pua ya lori ikachomoza getini. Nukta akailaza pikipiki katikati ya njia.

Dereva akakanyaga mafuta.

Bastola ya Nukta, Glock, ikabweka mara mbili. Tairi za mbele zikapasuka, lori likajikita ukutani. Mlinzi mmoja akachomoa bastola. Nukta akamvunja kiwiko kabla hajailenga. Katoni za maji zikamwagika, na nyuma yake masanduku meupe ya dawa.

Mnene mmoja akatoka ofisini akifoka. "Nani huyu? Mnanichosha!"

Sauti ile ile.

Glock ikatua kwenye paji lake. Kidole kikaanza kuvuta.

"Nukta," redio ikasema. "Tunamtaka hai."

Kidole kikaacha, kwa shida.

Mkuu alimngoja kwenye Land Cruiser. "Kazi safi. Kifo cha dada yako kitabaki ajali ya barabarani. Akitajwa tu, wenzao wa nje watajua tunavyofanya kazi."

"Hata kwa mama?"

"Hasa mama."

Jioni mama alikuwa sebuleni, karatasi ya polisi mapajani.

"Wameandika aliingia barabarani bila kuangalia," alisema. "Mwanangu, wewe una kazi ya ofisini, unawaelewa hawa. Dada yako alikuwa anaangalia mpaka sisimizi. Gari zima asilione?"

Nukta aliinamia karatasi, kama anayeisoma.

"Ndivyo ilivyokuwa, mama. Hakuangalia."

Mama akaikunja karatasi mara nne.

"Basi. Kama ni wewe unayesema, nimeamini."

Nukta akambusu mkono, akavaa miwani ya jua, akashuka ngazi taratibu, mkono mmoja mfukoni. Majirani walimsalimia, akawaitikia wote. Alipoingia kwenye gari alishindwa kuliwasha.