Fanny Alisoma Mara Tatu

Wazazi wenzangu wa Cimpunda, mimi ni mwalimu Consolate, ambaye watoto wanamwita Metresi. Nimechoka, na leo nitasema hata yanayoniaibisha.

Jumapili moja nyumbani kwa Venant kulikuwa kwema. Mkewe Colette alikuwa ameenda Luberizi kusaidia mavuno ya mpunga, akaacha barua kwenye karatasi ya daftari. Jirani yao Gaston alikuja kuwasalimu. Binti yao Fanny, mwanafunzi wangu wa miaka kumi na mmoja, akaambiwa asome.

“Maharagi ya kupanda niliipaka dawa ya wadudu, iko mu ndoo ya rangi ya bulu chini ya kitanda. Ya kula iko mu gunia nyuma ya mulango.”

Hakukwama popote. “Soma tena, papa Gaston asikie muzuri!” akasema Venant, kichwa kimemvimba. Fanny akasoma mara tatu, wakapiga makofi. Walikuwa wanasikiliza sauti tu.

Kesho yake Fanny akataka kupika. Maharagwe ya gunia yalikuwa bado kuchambuliwa. Ya ndoo, chini ya kitanda, yalikuwa safi. Akachota ya ndoo. Mdogo wake Héritier, mwenye miaka minne, akapakuliwa wa kwanza. Kabla wengine hawajagusa chakula alianza kutapika, mwili ukitetemeka. Venant akambeba mbio hadi kituo cha afya.

Siku mbili hatukujua kama angepona. Colette alirudi na vumbi la safari miguuni.

“Barua hamukuisoma?”

“Tuliisoma mara tatu,” akajibu Venant.

“Sasa mulikuwa munaona nini?”

Venant akaitoa barua mfukoni. Mimi nilikuwa pale kituoni; nikaiomba.

Namshukuru Mungu, Héritier alipona. Nikaketi na Fanny, nikampa barua ileile. Nikamwambia asome polepole, kisha afumbe macho.

“Unaona nini?”

“Kitanda.”

“Tena?”

“Chini iko ndoo…” Akafumbua macho, akalia. “Metresi, kama maneno inaonekanaka, kwa nini hamukutuambia?”

Fundisho

Mtoto akimaliza kusoma, msikimbilie kupiga makofi. Mwulizeni anaona nini: nani yuko pale, kitu kiko wapi, kina rangi gani. Asipoona kitu, arudie. Nina watoto hamsini na wanane darasani, na kwa miaka mingi nimesifu mbio za ulimi kwa sababu ndizo rahisi kupima. Fanny nilimpa ishirini juu ya ishirini. Alama zile zilikuwa uongo wangu, na nusura azilipie Héritier.