Tabasamu kwa Kiti Kitupu

Ko! Ko! Ko! Nyundo iligonga katika ukumbi wa maonyesho kabla mtangazaji wa kipindi cha sanaa hajamaliza salamu zake mbele ya kamera.

"Nani huyo anatuharibia sauti?"

Nyuma ya twiga wa vyuma chakavu alichomoza mchongaji, ovaroli limejaa masizi. "Samahani, dada. Shingo ya twiga imepinda, nainyoosha."

"Na yangu iliyokakamaa hapa tangu asubuhi?"

"Hiyo haina kasoro. Nimeshaikagua."

Mtangazaji, katika gauni lake la manjano, alicheka mpaka hereni zikachezacheza.

Simu zikaanza. "Umekula, mpenzi?" "Nimekula moshi wa kuchomelea." Mwezi haukuisha, mtangazaji akaenda na mpiga picha wake karakanani kumhoji. Mchongaji akamsimulia kifo cha mama yake, jambo ambalo hajawahi kumwambia mtu, kisha akatoka kunawa uso.

Aliporudi, alikomea mlangoni. Mtangazaji alikuwa amekikabili kiti kitupu, akitikisa kichwa, akikitabasamia kwa tabasamu lile lile alilokuwa akimpa yeye!

"Tena," mpiga picha alimwelekeza. "Ongeza huruma kidogo."

"Kumbe hata kiti unakipenda!" Mchongaji aliwatoa wote nje na kuzima simu.

Kesho yake mtangazaji alirudi, macho mekundu, akimkokota mpiga picha asiye na kamera.

"Mwambie!"

"Kaka, kamera ni moja. Ukizungumza, inakutazama wewe. Uso wake tunaupiga baadaye, tuuchomeke katikati ya maneno yako. Ndiyo kazi yetu."

"Kazi ya kuigiza huruma?"

"Sikiliza basi. Wewe ulipokuwa unasimulia, huyu aliganda. Hakutikisa kichwa, maswali aliyasahau, machozi yanamdondokea kwenye kipaza sauti. Nimefanya naye kazi miaka mingi, sijapata kumwona vile."

"Nyamaza, wewe!" mtangazaji alimkemea, akiona haya.

Mchongaji alimtazama, hasira ikimyeyuka kama chuma tanuruni. "Basi nami nina swali. Jibu halirudiwi."

"Uliza."

"Utakubali nikuoe?"

"Ndiyo."

"Subirini nikalete kamera!" mpiga picha aliruka.

"Thubutu!" walimkemea kwa pamoja, wakaangua kicheko.

Mtangazaji akaishika mikono ile yenye masizi, gauni lichafuke litakavyo. "Kazini nitavitabasamia viti vyote. Lakini nyumbani, nikikuchekea ujue nimefurahi, na nikichukia nitanuna mpaka majirani wajue. Nakuahidi, mume wangu."