Gazeti Lililomuua Papa Apolline

Soko la Virunga mjini Goma lilifurika watu, wengi wao wakimbizi wa vita vya Masisi. Bahizire, mwandishi wa gazeti, alikuwa akipenya kutafuta habari aliposimama ghafla. Binti mmoja, kitenge cha manjano, kilemba kimelala upande kwa madaha, alikuwa akifunga jibini kwa ukurasa wenye makala ya Bahizire ya juzi.

"Mama, hiyo ni kazi yangu!"

"Njo weye Bahizire mwenye kuandika hii?" Yule binti, Apolline, akamkagua toka viatu mpaka kola. "Basi merci. Maneno yako inafunga fromaji muzuri."

Bahizire akanunua jibini asiyoihitaji. Alikuwa amenasa, na alijua.

Miezi mitatu simu hazikupoa, "shéri" huku, "roho yangu" kule. Kwao Apolline, mtaani Keshero, mama mtu alimpokea vizuri. Baba, aliyebaki Masisi na ng'ombe wake, Bahizire alimjua kama kila mtu alivyomjua: Papa Apolline, yaani baba yake Apolline. Jina lake halisi hakuwahi kuliuliza.

Kisha vita vikapamba moto upya. Mtu mmoja akamsomea Bahizire kwa simu majina ya waliouawa. Gazeti lilikuwa linangojewa kiwanda cha uchapaji, naye akayachapisha bila kutafuta shahidi wa pili. Jina la nne lilikuwa Léopold Bauma.

Keshero walikaa kilio siku tatu. Siku ya nne simu ikalia: Muzee Léopold mwenyewe, baba yake Apolline, mzima, amekimbilia Bunagana.

Apolline akampigia Bahizire.

"Uliuliza nani mbele ya kuua papa yangu?"

"Mutu moja tu, shéri. Sikujua ni yeye..."

"Na kama hakukuwa yeye, haingekuwa baba ya mutu? Mama alizimia mara mbili. Usinipigie tena."

Alisema kweli, na ndiyo iliyomuuma zaidi. Bahizire akamwendea Edmond, mhariri wake, akitaka sahihisho ukurasa wa kwanza.

"Weye ni mujinga? Batu hawatatuamini tena."

Bahizire akaweka kadi yake ya uandishi mezani. Miaka sita ya kazi. "Basi uchague, patron. Inatoka, ao ninatoka miye."

Edmond akamsukumia ile kadi. "Utatia jina yako. Aibu yote ni ya kwako."

Jumatatu mji mzima ulisoma: *Muzee Léopold Bauma yuko hai. Mimi, Bahizire, nilitangaza kifo chake bila kuhakikisha. Namwomba msamaha yeye, mkewe, na binti yake Apolline.*

Saa nne simu yake ikalia.

"Umejitia haya mbele ya Goma yote," Apolline alisema, sauti imelowa machozi. "Kichwa yako haiko sawa."

"Ninakupenda, Apolline."

"Ninajua. Ngoja, kuko mutu anakutaka."

Sauti nzito ikakohoa. "Kijana, miye njo Léopold. Nimefika jana. Kuniua, uliniua bila kuniuliza. Na binti yangu, utamuoa vilevile?"

"Hapana, papa!" Bahizire alikuwa ameshasimama, anatafuta koti lake. "Ninakuja kuuliza sasa hivi."