Kadi ya Kukatia Mifuko

Nikutegee kitendawili kidogo kwanza. Nina mjukuu mmoja. Karatasi moja inasema ana miaka ishirini. Nyingine inasema ana ishirini na miwili. Je, ana miaka mingapi?

Usijibu haraka. Mimi niliwahi kujibu haraka, nikakaribia kumharibia.

Mjukuu wangu ni fundi cherehani. Chumba chetu cha mbele ndicho kiwanda chake. Asubuhi anafungua dirisha, anapangusa cherehani, anatia tone la mafuta, kisha anaanza. Mimi nakaa pembeni nashona vifungo. Wateja wanaokuja kupimwa humwaga pia shida zao: mfereji wa sokoni umeziba, wodi ya wazazi haina taa. Yeye husikiliza, pini zikiwa mdomoni. Baadaye huenda ofisini kuuliza, na hurudi na jibu. Ndiyo maana majirani walimwambia agombee udiwani. Akachukua fomu.

Sheria yetu ilitaka mgombea awe ametimiza miaka ishirini na mmoja siku ya kurudisha fomu. Yeye alijaza mwaka wake wa kweli. Kama ushahidi akaambatanisha cheti cha shule, maana hakuwa na kingine. Mwaka ulioandikwa kwenye cheti hakuna aliyeutazama.

Mpinzani wake, mwenye duka la saruji, aliutazama. Akaweka pingamizi kwa msimamizi wa uchaguzi: huyu ana miaka ishirini tu, jina lake liondolewe. Tukapewa siku mbili za kujibu.

"Bibi," mjukuu wangu aliniuliza, "huu mwaka umetoka wapi?"

Umetoka kinywani mwangu. Alipokuwa mdogo alivunjika mguu. Ukaungwa vibaya, ukavunjwa tena, akakaa nyumbani miaka miwili. Nilipompeleka shule alikuwa na miaka tisa, na mwalimu alitaka wa miaka saba. Nikasema ana saba. Alikuwa mwembamba, mwalimu akaniamini. Miaka miwili niliikata kama mtu anayefupisha gauni.

Mwenye mashine ya kutoa kopi alisikia habari hiyo, akaja na dawa yake. Alisema cheti anaweza kukirekebisha, ni tarakimu moja tu, hata hakimu hatagundua. Nakiri, nilitamani. Mjukuu wangu akamsogezea gauni alilokuwa analifumua.

"Shemeji, unaona hili? Nimekosea bega. Ningebandika kiraka, mteja angelivaa. Lakini nimelifumua lote. Na cheti hatukigusi."

Yule bwana akaondoka na wino wake.

Tukaenda kwa jirani yetu tunayemwita Mama Mihuri. Alikuwa karani wa mahakama miaka thelathini. Alivaa miwani, akasoma pingamizi mara mbili, kisha akaniuliza mtoto alizaliwa wapi. Nikasema zahanati. Akatabasamu. Akatueleza kwamba mtoto akizaliwa zahanati, mkunga huandika taarifa, na taarifa hupelekwa ofisi ya msajili wa vizazi. Cheti cha kuzaliwa hutokana na daftari hilo. Sisi hatukuwahi kukifuata, basi. Akasema maandishi ya siku ya kuzaliwa yana uzito kuliko maneno niliyoyasema miaka tisa baadaye.

"Ila wanahitaji namba ya kuanzia," alisema. "Kadi ya kliniki ipo?"

Nikasema ilipotea zamani. Mjukuu wangu akashika kichwa. Akakimbia nyumbani, akarudi na kipande cha kadi ngumu chenye alama za chaki. Kila siku alikuwa akikizungushia chaki ili akate mifuko ya mashati. Ilikuwa kadi yake mwenyewe ya kliniki. Pembe mbili zilishakatwa, lakini namba na tarehe zilikuwepo. Mama Mihuri alicheka mpaka akavua miwani.

Kesho yake tulikuwa kwa msajili mapema. Karani alipekua daftari, akaukuta mstari, akatoa cheti chenye muhuri: miaka ishirini na miwili. Kisha nikaenda kwa wakili kula kiapo cha maandishi, nikieleza uongo wangu wa shuleni bila kuficha.

Siku ya kusikilizwa, ukumbi ulijaa. Msimamizi akaniuliza kama kweli nilidanganya.

"Ndiyo, mwanangu. Nilidanganya."

Wakili wa mpinzani akasimama. Alisema bibi aliyeweza kupunguza miaka anaweza pia kuiongeza, sasa ataaminiwaje? Watu wakacheka. Nikajibu.

"Msiniamini mimi. Mwaminini mkunga. Alipoandika, hakujua mtoto atagombea nini."

Kicheko kikahama upande. Msimamizi akalinganisha kadi, cheti na kiapo. Akatupilia mbali pingamizi. Mwenye duka alikwenda mahakamani, na hakimu akasoma karatasi zilezile akasema vilevile.

Tangu siku hiyo, wateja wanaoleta vitambaa vya sare za shule huulizwa swali moja kabla ya kupimwa: cheti cha kuzaliwa cha mtoto mmekifuata? Kama bado, Mama Mihuri anawaandikia pa kwenda. Nami nilimpeleka mjukuu wangu shuleni alikosoma, nikamwomba radhi mwalimu mkuu, tukaanza hatua za kusahihisha ule mwaka.

Siku ya kura nilipanga foleni. Nikaingia kibandani, nikafungua karatasi. Nimesoma shule ya msingi tu, nasoma polepole. Nikaweka kidole, nikafuata herufi moja baada ya nyingine, mpaka nikalifikia jina la mjukuu wangu. Lilikuwepo. Nikalisoma mara mbili, ndipo nikatia alama.

Leo yeye ni diwani, na wodi ya wazazi ina taa. Mifuko anaikatia kadi nyingine.