Chupa Kumi na Mbili za Chai

Simu ilimkuta Jepchirchir akimpima mzee presha.

Ilikuwa saa nne asubuhi, Lewisville, Texas, Septemba 2003. Nokia 6310 ilitetemeka mara tatu katika mfuko wa sare yake ya buluu. Akamaliza kupima, akaandika namba kwenye chati, akaingia stoo ya mashuka na kufunga mlango.

"Mgonjwa wa chumba cha kumi na mbili ameomba maziwa baridi," sauti ilisema.

"Apewe lini?"

"Kesho. Saa kumi na moja jioni."

Simu ikakatika.

Kumi na mbili ilikuwa idadi ya mzigo. Maziwa baridi ni Ireland. Mgonjwa ni Sheldon.

Pale kazini walimjua kama nesi mpole kutoka Eldoret, asiyechelewa zamu. Hawakujua kwamba kwa miaka minne alikuwa mtumishi wa Dawati la Saba, idara ya siri ya Afrika Mashariki ambayo hata kibao mlangoni haikuwa nacho. Hawakujua pia kuhusu Patroba.

Patroba alikuwa mtu wa Dawati mjini Houston. Alikuwa pia mchumba wake. Harusi ilipangwa iwe Desemba.

Mwezi Machi alikutwa ndani ya Honda Accord yake, kwenye maegesho ya duka moja Katy, nje kidogo ya Houston, saa nane mchana. Risasi mbili nyuma ya sikio. Mkanda wa kiti ulikuwa bado umefungwa na redio ilikuwa inaimba. Jepchirchir aliendesha gari saa nne nzima kwenda kuutambua mwili. Alipouona mkanda ule kwenye picha za polisi alielewa mara moja. Muuaji alipewa lifti. Alikaa kiti cha nyuma, akapiga soga, akasubiri gari lisimame.

Patroba alikuwa akimfuatilia mtu mmoja tu.

Sheldon alikuwa Mkenya wa miaka arobaini, mwenye nyumba mpya ya matofali huko Katy na kampuni ya kutembeza wazee. Kila mwaka aliwachukua mama na baba za watu, Wakenya na Wazanzibari ambao watoto wao walikuwa kazini mchana kutwa, akawapeleka kuona dunia. Kila mtu alimsifu. Kila mama alimwita mwanangu.

Kilichosafirishwa hasa hakikuwa wazee. Zilikuwa lenzi za kuonea gizani, zile za kijeshi, zilizoibwa Texas na kuuzwa kwa wapiganaji wa msituni mashariki mwa Kongo. Askari mwenye lenzi ile anaingia kijijini usiku wa manane bila taa, na wanakijiji hawamwoni mpaka awe mlangoni.

Safari ya mwaka huo ilihitaji nesi. Sheldon mwenyewe ndiye aliyemwajiri, miezi miwili kabla. Alimsalimia kwa mikono miwili.

Jepchirchir aliishika mikono ile, akatabasamu.

*

Uwanja wa ndege wa Dallas–Fort Worth, kesho yake. Wazee kumi na wawili walipanga foleni wakiwa na makoti mapya. Sheldon alipita akimpa kila mmoja zawadi: chupa ya chai ya chuma, rangi ya kijani, yenye jina la mpokeaji likiwa limechorwa ubavuni. Ireland kuna baridi, mum, alimwambia kila mama. Hii usiiache.

Chupa kumi na mbili zikapita kwenye mashine. Nani atamshuku bibi mwenye magoti mabovu na chupa ya chai?

Jepchirchir alisogea kando na kumpigia bosi wake, Kamugisha, aliyekuwa Nairobi.

"Mzigo umepita."

"Fuata. Tazama. Usiguse."

"Na akishamkabidhi mnunuzi?"

Kamugisha hakumficha. Alisema Sheldon atarudi Houston bila kuguswa, kisha Dawati litamwendea na kumfanya mtu wao. Anawajua wanunuzi wote kutoka Goma hadi Bunia. Mtu kama huyo hafungwi, hutumiwa. Nyumba yake ya Katy atabaki nayo.

Jepchirchir aliuliza habari ya Patroba.

"Patroba alikuwa askari," Kamugisha alisema. "Askari hufa."

Akapanda ndege. Njia nzima hakulala.

*

Basi la Volvo liliwapokea uwanja wa Shannon, Ireland, asubuhi ya mvua nyembamba. Dereva ndiye aliyekuwa pia mwongozaji, Mwairishi mnene mwenye kipaza sauti shingoni. Aliwaonyesha ngome zilizobomoka, kuta za mawe zilizogawa mashamba kama viraka vya kanga, na kondoo waliopakwa rangi mgongoni ili kila mtu amjue wake. Barabara ilikuwa nyembamba kiasi kwamba matawi yalipangusa vioo. Kila baada ya kona bahari ilitokea upande wa kulia, ya kijivu, ikipiga miamba kama ina ugomvi nayo.

Wazee walifurahi. Walipiga picha za milango, kila mlango na rangi yake. Mmoja alisema majani ya kule ni mabichi kuliko Limuru, wenzake wakakataa.

Jepchirchir aliketi kiti cha nyuma kabisa. Mbele yake, safu tatu tu, kulikuwa na kisogo cha Sheldon.

Alikitazama kwa saa mbili.

Saa tano walifika Majabali ya Moher. Ukuta wa mwamba unaozama futi mia saba mpaka baharini, na upepo wa kumwangusha ng'ombe. Jepchirchir alitangaza kama nesi: mikono yote miwili iwe huru, kila kitu kibaki ndani ya basi. Sheldon alisita. Akatazama chupa, akatazama upepo, akawaongoza wazee nje. Dereva akaenda kutafuta kahawa.

Akabaki mtu mmoja. Bimdogo, mwanamke wa Kizanzibari wa miaka sabini na mmoja, mkazi wa Vickery Meadow, mtaa wa Dallas. Alisema magoti yake hayaendi kutazama shimo.

Dakika arobaini.

Jepchirchir alitoa bisibisi ndogo kwenye mkoba wa dawa. Chupa ya kwanza aliifungua kitako. Ndani, katika sponji, ilikaa lenzi moja, nene kama kidole gumba, imefungwa karatasi ya fedha.

"Mwanangu," Bimdogo alisema nyuma yake. "Hiyo chupa yangu ina nini?"

Hakuwa na wakati wa kutunga uongo. Alimwambia ukweli kwa sentensi tatu: ni mali ya vita, Sheldon anaiuza, na wao wazee ndio waliobebeshwa.

Bimdogo alivua miwani, akaifuta kwa ncha ya mtandio, akaivaa tena.

"Alinibusu mkono uwanjani," alisema polepole. "Akaniita mama. Kumbe kanifanya punda wake. Nipe hiyo bisibisi, wewe kalete kokoto."

Walifanya kazi kwa haraka. Jepchirchir alizoa kokoto za maegesho kwa beseni la kutapikia. Bimdogo alifungua, akatoa, akajaza, akafunga, kwa vidole vilivyowahi kushona kanzu miaka thelathini. Lenzi kumi na mbili ziliingia chini ya bendeji katika mkoba wa dawa.

Jepchirchir akateremka na kupiga simu ya pili. Polisi wa Ireland. Aliwaambia kuna biashara ya silaha leo pwani ya kaunti ya Clare, na muuzaji anasafiri kwa basi la watalii. Akawapa namba ya basi. Mahali, alisema, atawapigia.

Usiguse, Kamugisha alikuwa amesema.

Tayari alikuwa ameshagusa.

*

Chakula cha mchana kilikuwa Kilkee, mji mdogo uliokumbatia ghuba. Wazee waliletewa supu ya kome na mkate mweusi. Sheldon alizunguka meza akikusanya chupa. Vifuniko vinavuja, alisema, atawabadilishia kwa nyingine. Bimdogo alimkabidhi yake na kumwombea dua ya safari njema.

Akazipakia kwenye sanduku la magurudumu, akatoka.

Jepchirchir alihesabu hadi ishirini, akatoka.

Njia ilipanda kando ya mwamba, ikauacha mji, ikateremka kwenye banda la mawe lisilo na paa. Land Rover nyeusi ilisimama nyuma yake. Jepchirchir alilala nyuma ya ukuta wa shamba, hatua hamsini. Akawapigia polisi na kuwaeleza mahali. Walikuwa njiani kutoka Limerick. Dakika kumi, walisema.

Kupitia dirisha lisilo na kioo aliona watu wawili. Sheldon. Na mtu mrefu mwenye koti la ngozi, Godefroid, mnunuzi, ambaye picha yake Dawati lilikuwa nayo tangu zamani.

Godefroid alifungua kitako cha chupa ya kwanza. Kokoto zikamwagika.

Akafungua ya pili. Kokoto.

Hakuifungua ya tatu. Alitoa bastola aina ya Makarov yenye kiwambo cha sauti.

"Sheldon. Ile vitu iko wapi?"

Sheldon alirudi nyuma mpaka ukuta ukamgusa. Alisema ameibiwa. Alisema hajui. Godefroid alimwambia apige magoti.

Akapiga.

Jepchirchir hakuwa na bastola, na wala hakuihitaji. Angekaa kimya tu. Sekunde tano za ukimya, na mtu aliyemuua Patroba angekufa kwenye matope, mbali na kwao, kwa mkono wa mtu mwingine. Alitamani. Mate yalimjaa mdomoni kama mtu mwenye njaa.

Moja. Mbili. Tatu.

Lakini kufa kwa sekunde moja ni zawadi. Patroba alikufa hajui. Huyu ajue. Ajue kila asubuhi, miaka mingi.

Alibonyeza kinasa sauti cha Olympus, akakiweka kando ya Nokia, akapiga namba.

Simu ya Sheldon ikalia.

Godefroid alimwashiria aipokee.

"Lenzi ninazo mimi," Jepchirchir alisema. "Mwambie asubiri."

"Nani huyu?"

"Nesi. Mwambie."

Alimwambia. Makarov haikusogea.

"Unataka nini? Sema. Chochote."

"Machi. Katy. Honda Accord. Nani alikaa kiti cha nyuma?"

Upepo ulipita juu ya ukuta.

"Sijui unaongea nini."

"Basi nakata."

"Ngoja. Ngoja, please. Ni mimi."

"Mimi nani? Taja jina lako. Taja lake."

Alitaja yote mawili. Alieleza kwa haraka, sauti ikikatika: Patroba alimfuata mpaka ghala, yeye akajifanya gari lake limeharibika, akaomba lifti. Waliongea kuhusu mpira. Patroba alikuwa anacheka wakati Sheldon alipofyatua.

Jepchirchir alifumba macho. Akayafumbua.

"Bastola iko wapi?"

"Nilitupa."

"Nakata."

"Stoo ya kukodi. Highway 6. Mlango 214, kwenye friji mbovu. Nimesema yote. Mwambie huyu mtu lenzi ziko wapi."

Magari mawili yasiyo na king'ora yalikuwa yanateremka kilima.

"Lenzi ziko chini ya bendeji," Jepchirchir alisema. "Polisi wako mlangoni. Lala chini."

Sheldon alilala. Godefroid aligeuka na kufyatua mara mbili, risasi zikagonga mawe. Askari sita wenye silaha waliingia kwa pande mbili. Ilichukua muda mfupi kuliko kumeza kidonge. Godefroid alitoka akiwa na damu begani. Sheldon alitoka kwa miguu yake, amejaa matope, akitazama huku na huku kumtafuta mwenye sauti.

Jepchirchir alisimama wima nyuma ya ukuta ili amwone vizuri. Kisha akateremka na mkoba wa dawa, akaukabidhi kwa ofisa mkuu.

*

Kamugisha alipiga saa moja baadaye.

"Nilikuambia usiguse."

"Ndiyo, mkuu."

"Nasikia umenasa sauti yake. Kanda iko wapi?"

"Iko kwa polisi wa hapa. Kwanza nilimsikilizisha kwa simu mpelelezi wa mauaji wa Houston. Sasa hivi watu wake wako Highway 6."

Kamugisha alimweleza maana yake: Sheldon hawezi kuwa mtu wa Dawati tena, ameharibika kama karata iliyopinduliwa. Alimweleza pia kwamba kuanzia dakika ile hana kazi.

"Nina kazi," Jepchirchir alijibu. "Mimi ni nesi."

Akatoa laini, akaivunja, akarudi kuwapa wazee dawa zao za mchana.

*

Houston, Aprili 2005. Ireland ilikuwa imemkabidhi Sheldon kwa Texas ajibu mashtaka ya mauaji, na wazee wa baraza la mahakama walikaa siku mbili tu. Bastola ilikutwa ndani ya friji, na alama za vidole vya Sheldon juu yake. Kifungo cha maisha.

Jepchirchir alihudhuria kila kikao, safu ya kwanza. Bimdogo aliketi kando yake, tasbihi mkononi. Alikuwa amesafiri kwa basi kutoka Dallas, saa nne na nusu, na magoti yale yale.

Baada ya hukumu walinzi walimpitisha Sheldon kwenye korido akiwa na minyororo miguuni. Alikuwa amekonda. Alipomwona alisimama, na walinzi wakamwacha sekunde moja.

"Siku ile," alisema. "Ungenyamaza tu, Godefroid angenimaliza. Kwa nini hukunyamaza?"

"Nilifikiria kunyamaza," Jepchirchir alisema.

Alimtazama usoni mpaka Sheldon akainamisha macho. Kisha akamshika Bimdogo mkono, wakatoka nje kwenye jua kali la Texas kutafuta mahali pa kula chakula cha mchana.